Umbo hufuata kazi, lakini kazi ipi?

Swali: "Shikamoo mwalimu. Niko mwaka wa pili wa usanifu majengo. Muhula huu tumepewa kubuni maktaba ya ghorofa mbili, nami nimeichora ikiwa na ua wa wazi katikati. Mwalimu wa studio aliutazama mchoro akauliza, 'Huu ua unafanya kazi gani?' Nikababaika. Akaniambia niufute, kwa sababu umbo hufuata kazi. Lakini kwenye somo la historia tunaonyeshwa majengo yaliyojengwa kwa kazi moja yakaishia kwenye nyingine kabisa, na bado yanasifiwa. Je, kauli hii ni kanuni ya kweli, au ni msemo wa kutunyamazisha? Na kama umbo halitoki kwenye kazi, linatoka wapi?"

Marahaba. Mwalimu wako aliuliza swali zuri, kisha akalijibu mwenyewe kwa haraka. Swali la ua unafanya kazi gani lilistahili kukukesha. Amri ya kuufuta haikutokana na swali hilo, maana kukosa jibu papo hapo si ushahidi kwamba jibu halipo. Kauli yenyewe si ya uongo. Ni ndogo tu kuliko mzigo inaobebeshwa.

Tuanze na mwenye kauli. Louis Sullivan, msanifu wa Marekani, aliiandika mwaka 1896 katika makala kuhusu jengo refu la ofisi, aina ya jengo iliyokuwa mpya kiasi kwamba hakuna aliyejua lifanane na nini. Lifti na fremu ya chuma vilikuwa vimewezesha ghorofa kupandana, na wasanifu wengi wa Marekani walizivisha ghorofa hizo nguo za kuazima: nguzo za hekalu la kale hapa, matao ya kasri pale. Sullivan akasema tuache kuazima, tulitazame jengo lenyewe. Chini kuna milango mipana ya umma, katikati ofisi zinazofanana tabaka kwa tabaka, juu kabisa mitambo. Kila sehemu ionekane ilivyo. Akaleta mifano ya maumbile, tai arukaye na farasi wa kazi na mto unaopinda, kuonyesha kwamba kila kiumbe kina umbo la uhai wake.

Wengi huishia hapo. Lakini katika makala hiyo hiyo Sullivan anauliza sifa kuu ya jengo refu ni ipi, na hajibu kwamba ni vyumba vya kupangisha. Ni urefu. Jengo hilo, kwake, lazima liwe refu kila inchi yake, lipae kwa fahari. Fahari nayo ni kazi? Tazama basi alivyojenga. Jengo la Wainwright mjini St. Louis, la ghorofa 10, lilikamilika 1891. Nguzo za uso wake zimesimama karibu karibu na kupanda bila kukatizwa. Ukiziona utaapa kila moja ina chuma ndani. Nusu yake hazina. Moja inacho, inayofuata haina, na kwa nje zinafanana. Alizihitaji ili jengo lionekane linapanda. Miaka michache baadaye, jengo lake la Guaranty mjini Buffalo alilivika vigae vya udongo wa kuchoma vyenye nakshi, tangu chini hadi ukingo wa paa. Huyu ndiye mtu ambaye jina lake hutumika kufutia mapambo ya wanafunzi.

Kiswahili kinaweza kutusaidia hapa, na nashangaa kwa nini hatukitumii zaidi studioni. Tunaposema kazi ya kitu tunafunga kwenye neno moja mambo ambayo lugha yetu inaweza kuyatenga vizuri. Kuna kusudi, yaani alichotaka mwenye jengo alipotoa fedha zake. Kuna matumizi, yaani wanachokifanya watu humo leo, kiwe kilikusudiwa au hakikukusudiwa. Na kuna utendaji, yaani jinsi jengo linavyobeba uzito wake, kuingiza hewa, kuzuia mvua. Chukua ngazi pana mbele ya jengo la umma. Kusudi lake ni kupandisha watu. Matumizi yake, mara nyingi, ni kukaliwa na watu wanaosubiriana. Utendaji wake ni kuyahimili yote mawili bila kupasuka na bila maji kutuama. Umbo la ngazi hiyo lifuate lipi? Anayeitamka kauli huwa amechagua moja kimoyomoyo, na kesho, kwenye mchoro wa mwingine, atachagua jingine.

Mtego wa kifalsafa uko papo hapo. Ukiibana maana ya kazi iwe matumizi yanayopimika peke yake, kauli inaanguka. Wape wasanifu kumi orodha moja ya vyumba, viti na rafu, utapata maktaba kumi tofauti, na zote zinasomeka vitabu. Orodha hukata maumbo mengi yasiyofaa, haibakizi moja. Ukiilegeza maana, useme kufurahisha ni kazi, kutia fahari ni kazi, kukumbusha ni kazi, basi kauli inakuwa kweli daima, na kwa sababu hiyo hiyo haikuambii lolote. Hakuna umbo ambalo utashindwa kulitetea.

Mfano mzuri wa kulegeza ni jengo la Seagram mjini New York, la mwaka 1958, kazi ya Ludwig Mies van der Rohe, mtu aliyekuwa na sifa ya kutovumilia kitu cha ziada. Sheria za moto zilitaka chuma kinachobeba jengo kifunikwe kwa zege, kwa hiyo fremu ikapotea machoni. Mies akapandisha nje, mbele ya vioo, boriti za shaba zenye umbo la herufi I. Zinasaidia kukaza ngozi ya vioo, lakini hazibebi ghorofa hata moja. Ziko pale kumwambia mpita njia kwamba ndani kuna mifupa ya chuma. Ukisema kueleza ni kazi, sawa, nakubali. Ila basi malaika waliochongwa kwenye mlango wa kanisa nao wanaeleza, na huwezi tena kuwafukuza kwa kauli hii.

Mwenzetu Vitruvius, Mrumi wa karne ya kwanza kabla ya Kristo, alikuwa na busara ya kutoingia mtego huo. Alitaka jengo liwe na uimara, manufaa na uzuri. Hakusema kimoja kinamfuata mwenzake. Aliviweka kama mafiga matatu: ukiondoa moja chungu kinamwagika, na hakuna figa lililozaliwa na jingine.

Tusogee sasa mahali ambapo kauli ilijaribiwa kwa dhati. Mwaka 1926 msanifu wa Austria, Margarete Schütte-Lihotzky, alibuni jiko la nyumba za umma zilizokuwa zikijengwa mjini Frankfurt chini ya Ernst May, msimamizi wa mipango ya mji huo. Upishi aliushughulikia kama mhandisi anavyoshughulikia kiwanda. Alizichunguza hatua za mpishi kutoka sinki hadi moto, akajali muda wa kila tendo, akajifunza kwa majiko finyu ya mabehewa ya chakula kwenye treni. Kilichotoka ni chumba cha takriban mita 1.9 kwa 3.4 ambamo kila kitu kiko mkononi. Kuna visanduku vya alumini vya kuvuta, kila kimoja kimeandikwa jina la kilichomo. Unga umewekewa vya mbao za mwaloni kwa sababu wadudu wa unga hawaupendi mti huo. Ubao wa kupigia pasi unakunjwa ukutani. Mlango wa kuteleza unafungukia sebuleni ili mama awaone watoto. Majiko kama 10,000 ya aina hiyo yaliwekwa. Kama kuna umbo lililowahi kufuata kazi, ni hili.

Lakini kazi kama alivyoieleza nani? Jiko lilipimwa kwa mtu mmoja anayepika. Watu wawili wanapishana kwa shida. Meza ya kulia haiingii, na familia zilizozoea jiko kuwa mahali pa kukaa, watoto wakiandika masomo yao huku chungu kinachemka, zikajikuta zimetolewa nje ya chumba chao kikuu. Miongo kadhaa baadaye watetezi wa haki za wanawake, watu ambao Schütte-Lihotzky aliamini anawatua mzigo, walisema chumba kile kilimfungia mwanamke peke yake. Hakuwa na nia mbaya hata kidogo. Alitaka mwanamke amalize mapema akafanye mengine. Tatizo lilitangulia mchoro. Kabla umbo halijafuata kazi, mtu alikwisha kuamua kwamba upishi ni mfululizo wa hatua za kupunguzwa, na kwamba mazungumzo ya jikoni hayamo kwenye hesabu. Saa ya kupimia haikumwambia hivyo. Saa ilikuja baadaye, kuutumikia uamuzi.

Kwa hiyo unapoambiwa fuata kazi, uliza kwanza kazi hiyo imetamkwa na nani. Kazi ya jengo haiokotwi kama jiwe. Hutamkwa, na anayeitamka amesimama mahali fulani.

Linganisha na sanatoriamu ya Paimio nchini Finland, hospitali ya wagonjwa wa kifua kikuu, iliyokamilika 1933. Msanifu wake, Alvar Aalto, aliitamka kazi kutoka kitandani, akimfikiria mgonjwa wa kifua kikuu aliyelala chali wiki baada ya wiki. Kwa mtu huyo dari ndiyo uso wa jengo. Basi dari ikapakwa rangi tulivu, taa ikawekwa isimchome macho, na sinki likapewa mteremko ambao maji yanaugusa bila kupiga kelele, ili mmoja akinawa mwenzake asiamke. Msanifu mwingine, mwenye orodha ile ile ya vitanda, angempimia daktari anayepita na toroli la dawa, na jengo lake pia lingeitwa la kikazi.

Hoja yako ya historia sasa. Una haki, na mifano ni mizito kuliko unavyodhani. Mjini Arles, kusini mwa Ufaransa, Warumi walijenga uwanja wa mapigano wa watazamaji kama 20,000. Dola ilipoanguka, watu wakahamia ndani yake. Wakaziba matao, wakajenga nyumba zaidi ya 200 na makanisa madogo, ukuta wa uwanja ukawa ngome ya mji; nyumba hizo zilianza kuondolewa miaka ya 1820 tu. Mjini Lucca, Italia, uwanja kama huo karibu wote umekwisha, mawe yake yalibebwa kwenda kujengea mengine. Lakini nyumba zilizosimama juu ya misingi yake zilifuata mzingo wake, na leo katikati yake kuna uwanja wa mji wenye umbo la yai. Jengo limekufa, umbo liko hai. Mjini Split, Kroatia, mtawala Diocletian alijijengea kasri la kustaafia karibu na mwaka 300. Karne ya 7 wakimbizi kutoka mji jirani wa Salona wakaingia humo na hawakutoka. Kasri likawa mji, na watu wanaishi ndani yake hadi sasa. Kaburi la Diocletian, aliyewatesa Wakristo, ndilo kanisa kuu la mji.

Msanifu Mwitalia Aldo Rossi alikusanya mifano ya namna hii katika kitabu chake cha 1966 kuhusu usanifu wa mji, akaiita imani ya kwamba kazi huzaa umbo kuwa ni imani ya kitoto. Alikuwa akiutazama ukumbi mkuu wa zamani wa Padova, Palazzo della Ragione, na kustaajabu jinsi jengo moja lilivyobeba shughuli nyingi mno karne hata karne, huku chini yake soko likiendelea. Kwake, kinachomgusa mtu ni umbo. Kazi ni wageni wanaolala na kuondoka.

Usishangilie mapema, lakini. Historia hutuonyesha yaliyosalia. Yaliyoshindwa kubadilika yalibomolewa na hayana picha kitabuni. Ukisoma yaliyosalia peke yake utadhani umbo lolote linaweza kupokea kazi yoyote, na hilo si kweli. Uwanja wa Arles ulikuwa na kuta nene na matao mengi ya kuingilia. Mtambo wa umeme wa Bankside mjini London, uliofunguliwa kama jumba la sanaa la Tate Modern mwaka 2000, ulikuwa na ukumbi wa mitambo mpana na mrefu kuliko ambavyo mteja yeyote wa sanaa angethubutu kuuagiza. Majengo haya yana kitu cha ziada: kimo, upana, mwanga, milango. Jengo lenye dari iliyobanwa hadi sentimita ya mwisho na nguzo zilizosongamana kwa ajili ya mpangilio mmoja wa vyumba halina la kumpa mpangaji wa pili. Na hilo ndilo jengo lililofuata kazi yake kwa utii mkubwa zaidi. Ukilitafakari vizuri ni jambo la kuhuzunisha.

Mies alikuwa na rafiki, Hugo Häring, waliyeshirikiana ofisi mjini Berlin miaka ya 1920. Häring aliamini kila shughuli itafutiwe umbo lake la pekee. Zizi alilojenga kwenye shamba la Garkau, kaskazini mwa Ujerumani, ni mviringo uliochongoka upande mmoja: ng'ombe wamepangwa wakiizunguka hori, fahali kwenye ncha. Ni jengo zuri sana. Mies alikuwa akimtania, akimwambia afanye tu ukumbi mkubwa, watu watembee humo watakavyo. Na alitenda alivyosema: Crown Hall ya Chicago, iliyokamilika 1956, ni ukumbi mmoja wa takriban mita 36 kwa 67 usio na nguzo hata moja katikati. Ninapowafundisha hawa wawili huwa nawaambia wanafunzi kwamba Häring alipata mteja bora wa nadharia yake, kwa kuwa ng'ombe habadili mawazo. Lakini ukumbi wa Mies nao una gharama. Pahali panapofaa kwa yote hapana kona ya kunong'ona.

Umeuliza umbo linatoka wapi. Hapa sitakaa sana, maana majibu ni mengi na mengine yanachosha. Linatoka kwenye uzito na mvua, kwenye kile mbao inachoweza na jiwe lisichoweza. Linatoka kwenye fedha. Linatoka kwenye sheria: minara ya New York iliyokatwa kama ngazi ilipata umbo hilo kwa sababu sheria ya 1916 ililazimisha majengo marefu kurudi nyuma yanavyopanda, ili mwanga ufike barabarani. Na linatoka, kuliko tunavyokiri, kwenye maumbo tuliyorithi: ua, ukumbi, ushoroba, mnara. Hayo ni makongwe kuliko kazi zake. Ua umewahi kuwa wa watawa, wa wanajeshi, wa wasafiri, wa wanafunzi na wa wafungwa. Wewe umechora ua kwa sababu umewahi kukaa mahali penye ua ukapapenda. Hiyo si aibu. Aibu ni kuishia hapo.

Najua, kwa kuwa niliishia hapo. Nilipokuwa mwaka wa pili nilichora maktaba ya duara. Rafu zangu zilikuwa zimenyooka, kama rafu zote, nikazipanga kama vipande vya chungwa, na kati yake zikabaki pembe zisizoingiza kiti wala mtu. Nilipoulizwa, nikasema duara ni ishara ya elimu isiyo na mwisho. Darasa lilicheka, nami nikaamini kwa miaka kadhaa kwamba duara halifai maktaba. Kisha nikakutana na maktaba ya Stockholm ya Gunnar Asplund, ya mwaka 1928. Ukumbi wake mkuu ni duara tupu. Vitabu vimeuzunguka ukuta kwa tabaka tatu, rafu zikifuata mkunjo, na anayesimama katikati anaona vitabu pande zote. Kumbe kosa halikuwa la duara. Nilikuwa nimelichora umbo kisha nikatupia rafu ndani yake bila kuviuliza vyote viwili kama vinajuana.

Rudi basi kwenye ua wako na orodha yako ya vyumba, uvikutanishe. Anza na utendaji, kwa sababu mwalimu wako atausikia kwanza. Kanuni ya kukadiria tunayoitumia ni kwamba mwanga wa mchana unaofaa kusomea huingia chumbani umbali wa mara mbili hadi mbili na nusu ya kimo cha sehemu ya juu ya dirisha. Dirisha likifika mita 3, una mita 6, au 7 na kitu. Kama ghorofa yako ina kina cha mita 24 bila ua, sehemu yote ya katikati itawashiwa taa mchana kutwa. Weka ua wa mita 6, zitabaki mita 9 kila upande zenye madirisha kuwili, na kila meza itasomeka kwa jua la nje. Chora hilo kwa mchoro wa mkato, unaoonyesha jengo kana kwamba limekatwa wima, si kwa ramani. Ramani ya ua ni kisanduku cheupe, na kisanduku cheupe ndicho alichokuambia ufute.

Kisha yaweke matumizi, na hapo uwe mkweli kuhusu usichoweza kupima. Mtu anayesoma saa tatu mfululizo huinua macho, anaangalia nini? Anayeingia mara ya kwanza atajuaje yuko upande gani wa jengo? Wawili wanaotaka kuzungumza bila kutoka nje watakaa wapi? Usiyafiche majibu haya chini ya neno kazi ili yaonekane ya kisayansi. Yaseme yalivyo, kwamba ni maisha unayoyapendekeza, na mwalimu ana haki ya kukubishia.

La mwisho ni la miaka ijayo. Maktaba yako huenda siku moja isiwe na rafu kabisa. Zingatia upana wa milango inayoingia uani na kimo cha sakafu inayouzunguka, na usijengee viti vya zege vinavyoamua leo nani akae wapi. Na ukiona ua wako ungeweza kuwa wa jengo lingine lolote bila kubadilika, urudie upya; bado hujazungumza na vitabu.